Sura ya Nne: Vipaji Vinapokutana Vitani

Kila anayejifunza mchezo wa vita huanza na swali moja: ni kipi chenye nguvu kuliko vyote? Mtoto aliyekaa mbele ya bao kwa mara ya kwanza anataka kujua shimo la kushikilia. Kijana aliyefungua pakiti yake ya kwanza ya karata za mapambano anataka kujua kiumbe kisichoshindwa. Swali hilo halijibiki, na sura hii inaeleza sababu. Katika mchezo uliotungwa kwa akili, kipaji hakipimwi kikiwa peke yake. Hupimwa pale kinapogongana na kipaji kingine, na mara nyingi anayeshinda mgongano huo si mkubwa wa mwili. Ni yule ambaye sheria imempa zamu mapema.

Ninaandika nikimfikiria msomaji wa Makobola, mashariki ya Kongo, pale barabara ya kutoka Uvira kwenda Baraka inapopita kati ya milima na Ziwa Tanganyika. Msomaji huyo ana sababu mbili za kulifuatilia jambo hili. Ya kwanza ni kwamba eneo lake limo ndani ya nchi za bao, mchezo ambao sheria zake zinagongana kwa ustadi usiopitwa na mchezo wowote wa kisasa. Ya pili ni nzito zaidi, na nitaifikia baada ya kuona jinsi sheria hizi zinavyofanya kazi.

Sheria tatu za bao

Bao la Kiswahili linachezwa kuanzia Lamu na Zanzibar hadi Malawi na mashariki ya Kongo. Ubao una mashimo 32, safu nne za mashimo manane, na kete 64. Kila mchezaji ana safu ya mbele na safu ya nyuma, na kete 32 za kwake. Majirani zetu wa Rwanda na Burundi wana igisoro, yenye ubao wa mashimo hayo hayo na kete hizo hizo 64, ila namna yake ya kula ni nyingine. Michezo ya ukoo huu ni mingi katika eneo letu kiasi kwamba mwaka 1977 mtafiti Philip Townshend aliitolea kitabu kizima huko Brussels, akieleza ile ya Zaire, Rwanda na Burundi.

Mchezo unapoanza, kila upande una kete sita ndani ya nyumba, ambayo ni shimo la nne ukihesabu kutoka kulia kwako katika safu ya mbele, na kete mbili mbili katika mashimo mawili yanayofuata upande wa kulia. Kete 22 zilizobaki zimo mkononi. Katika hatua hii ya kunamua, kila zamu unaingiza kete moja katika shimo lako la mbele lenye kete. Shimo la mpinzani lililo mkabala likiwa nalo lina kete, umekula: unazichukua kete zake na kuzisambaza upande wako kuanzia kichwani, yaani shimo la mwisho la safu ya mbele, la kushoto au la kulia.

Sheria tatu zinatosha kwa sura hii. Nitazieleza moja moja, kisha nitaziacha zigongane.

Ya kwanza ni kwamba kula ni lazima. Mwenye nafasi ya kula hana ruhusa ya kuiacha, hata kama anaona kwamba mlo huo utamponza. Na zamu iliyoanza bila kula, ile ya kutakata, haiwezi kula hata kete ya mwisho ikidondoka mahali pazuri namna gani.

Ya pili ni ya nyumba. Kwa kawaida kete ya mwisho ikiangukia shimo lako lenye kete, na mkabala hakuna cha kula, unazoa zote zilizomo na kuendelea kusambaza. Nyumba ina heshima ya pekee. Ikiwa bado ni yako na ina kete sita au zaidi, unaruhusiwa kuchagua: ulale hapo na uitunze akiba yako, au uende safari na nyumba nzima, ukijua kwamba heshima yake haitarudi tena.

Ya tatu ni ya kimbi. Ukila katikati ya safu wakati unasambaza, unaendelea na mwelekeo uliokuwa nao. Lakini ukila katika kichwa au katika kimbi, shimo linalopakana na kichwa, unalazimika kuanza kusambaza kutoka kichwa cha upande huo huo. Mwelekeo wako unaweza kugeuzwa papo hapo.

Sasa tutazame zamu moja. Unasambaza kutoka kushoto kwenda kulia na kete yako ya mwisho inaangukia kimbi cha kulia, ambacho kina kete. Mkabala wake mpinzani ana kete nne. Sheria ya kwanza inasema ule. Sheria ya tatu inasema uanze kichwa cha kulia, kwa hiyo safari yako iliyokuwa ikienda kulia inageuka kwenda kushoto. Kete ya kwanza inaingia kichwani, ya pili kimbini, ya tatu katika shimo linalofuata, na ya nne inatua ndani ya nyumba yako. Hapo ndipo sheria ya pili inapoamka. Je, utachagua kulala au kwenda safari? Bado huna haki ya kuchagua. Tazama kwanza mkabala wa nyumba. Kukiwa na kete za mpinzani, unapaswa kula, na nyumba yako inabaki salama ikiwa imeongezeka kete moja. Kukiwa kutupu, ndipo uamuzi unakuwa wako.

Ona kilichotokea. Sheria tatu, kila moja nyepesi ya kukariri, zimekutana katika kete nne, na jibu limepatikana bila ubishi kwa sababu sheria zenyewe zina cheo. Lazima inatangulia hiari. Kula kunaangaliwa kabla ya nyumba. Mchezaji anayeijua nyumba lakini asiyejua kwamba kula kuko mbele yake atapanga akiba nzuri na kushangaa inapokwenda njia asiyoitaka.

Na heshima yote hiyo ya nyumba haiifanyi ngome. Nyumba iliyofikisha kete 14 inaliwa kama shimo lingine lolote la mbele. Mpinzani akiila, kete nane zinajaza safu yake yote ya mbele na sita zinageuka kuingia safu yake ya nyuma. Kadiri nyumba inavyonenepa, ndivyo anavyozidi kuitamani yule aliye mkabala. Kipaji cha kutunza akiba kinazaa hatari yake chenyewe, na hiyo ni alama ya mchezo uliotungwa vizuri.

Karata za mwaka 1993

Mwezi Agosti 1993 kampuni ya Wizards of the Coast ya Marekani ilitoa Magic: The Gathering, mchezo wa karata uliobuniwa na Richard Garfield, mtaalamu wa hesabu aliyepata udaktari wake katika Chuo Kikuu cha Pennsylvania mwaka huo huo. Toleo la kwanza lilikuwa na karata 295 tofauti. Ziliuzwa katika pakiti zilizofungwa, mnunuzi asijue amepata nini, na kila mchezaji alijipangia kasha lake. Wachezaji wawili wanaokutana hawana majeshi yanayofanana, na huenda mmoja hajawahi kuiona karata ambayo mwenzake anaitoa.

Hilo lilimpa mtungaji kazi ngumu. Katika bao, sheria zote ziko kichwani mwa wachezaji wote wawili tangu mwanzo. Katika mchezo wa karata, sehemu ya sheria imeandikwa juu ya karata yenyewe, na idadi ya karata huongezeka kila mwaka. Njia iliyofaulu ni kuvipa vipaji vinavyojirudia jina moja fupi. Ukiona jina hilo juu ya karata yoyote, ya zamani au ya jana, maana yake ni ile ile. Humu nitavitaja kwa Kiswahili: kuruka, mkono mrefu, tisho, pigo la kwanza, pigo maradufu, mguso wa mauti, kukanyaga, kunyonya uhai, na kutoangamia.

Vita vyenyewe viko hivi. Kila mchezaji anaanza na uhai 20. Kila kiumbe kina namba mbili: ya kwanza ni nguvu ya kupiga, ya pili ni ustahimilivu. Kiumbe cha 3/2 kinapiga tatu na kinakufa kikipigwa mbili. Mwenye zamu anatangaza viumbe vinavyoshambulia. Mpinzani anatangaza vipi vitazuia, na kipi kitamzuia nani. Viumbe viwili au zaidi vinaweza kuungana kumzuia mshambuliaji mmoja. Kisha wote wanapiga kwa wakati mmoja. Mshambuliaji ambaye hakuzuiwa anapunguza uhai wa mchezaji. Aliyezuiwa anapigana na waliomzuia, na mchezaji wao haguswi.

Bila vipaji, huo ungekuwa mchezo wa kutoa na kujumlisha tu. Vipaji ndivyo vinavyoufanya uwe mchezo wa kufikiri.

Nani anaruhusiwa kumzuia nani

Kundi la kwanza la vipaji linahusu hatua ya kuzuia. Kiumbe kinachoruka huzuiwa tu na kiumbe kingine kinachoruka au chenye mkono mrefu. Mkono mrefu ni kipaji cha mlinzi: unakuwezesha kumfikia anayeruka, lakini haukusaidii lolote unaposhambulia. Tisho linasema kiumbe hiki hakiwezi kuzuiwa na mlinzi mmoja. Lazima wawe wawili au zaidi.

Kila kimoja peke yake kina dawa. Vikiwekwa juu ya kiumbe kimoja, masharti yanajumlishwa. Kiumbe chenye kuruka na tisho kinahitaji walinzi wawili, na kila mmoja wao awe anaruka au awe na mkono mrefu. Mlinzi mmoja mwenye mkono mrefu akisaidiwa na watatu wa ardhini, bado hawatoshi. Vipaji viwili vya wastani vimezaa kiumbe ambacho majeshi mengi hayawezi kukigusa.

Nani anapiga kwanza

Waswahili husema kutangulia si kufika. Katika karata hizi, mwenye pigo la kwanza anafanya kutangulia kuwe kufika. Kiumbe hicho kinapiga katika hatua ya mapema, kabla ya wengine. Aliyekufa katika hatua hiyo harudishi pigo. Kiumbe cha 2/1 chenye pigo la kwanza kinaweza kumuua cha 5/2 bila kupata mkwaruzo. Lakini kikutane na cha 5/3, pigo lake la mbili halitoshi kuua, na katika hatua ya pili kinapigwa tano na kufa. Kutangulia bila nguvu ya kumaliza kazi kunakupa nafasi moja tu.

Mguso wa mauti ndio unaojaza pengo hilo. Kiumbe chenye kipaji hiki kikimpiga mwenzake hata pigo la moja, mwenzake anakufa, ustahimilivu wake uwe wowote ule. Peke yake ni kipaji cha kufa pamoja: kiumbe kidogo cha 1/1 kinamwangusha jitu la 8/8, lakini jitu nalo linapiga wakati huo huo, na wote wawili wanaondoka. Sasa unganisha mguso wa mauti na pigo la kwanza juu ya kiumbe kimoja. Jitu linaguswa mapema, linakufa, na pigo lake la nane halifiki kamwe. Kiumbe dhaifu kuliko vyote mezani sasa kinawazuia wakubwa wote, mmoja kila zamu.

Je, hicho ndicho kisichoshindwa? Hapana. Akija mwingine mwenye pigo la kwanza, wote wanapiga katika hatua ile ile ya mapema, na faida ya kutangulia imefutika. Akija mwenye kipaji cha kutoangamia, mguso wa mauti unamkuta hauna la kufanya, kwa sababu sheria ya kutoangamia inakataa kuangamizwa kwa pigo, dogo au kubwa, lenye mauti au lisilo nayo. Na huyo asiyeangamia naye ana mlango ulio wazi: karata inayopunguza ustahimilivu wake hadi sifuri inamwondoa, kwani kukosa ustahimilivu si kuangamizwa kwa pigo, ni sheria nyingine kabisa.

Pigo linagawanywa vipi

Kukanyaga ni kipaji cha mshambuliaji. Kwa kawaida aliyezuiwa amezuiwa. Hata akiwa na nguvu kumi na mlinzi wake ana ustahimilivu wa moja, mchezaji aliye nyuma ya mlinzi yuko salama. Mwenye kukanyaga anatakiwa kuwapa walinzi wake pigo linalotosha kuwaua, na kinachobaki kinamwendea mchezaji.

Maneno ya kushika hapo ni linalotosha kuwaua. Kiumbe cha 6/6 chenye kukanyaga kimezuiwa na walinzi wawili wa 2/5. Kuwaua wote wawili kunahitaji pigo la kumi. Yeye ana sita, kwa hiyo hakuna kinachobaki. Mwongezee mguso wa mauti. Sasa linalotosha kuua ni moja kwa kila mlinzi. Anatoa moja na moja, na nne zinamwangukia mchezaji. Kukanyaga kulikuwa na hesabu yake, mguso wa mauti ulikuwa na yake, na hakuna kati ya sheria hizo mbili inayomtaja mwenzake. Zimekutana kwa sababu zote mbili zinaulizia kitu kimoja: pigo la kutosha ni kiasi gani?

Mlinzi asiyeangamia anatufundisha upande wa pili wa hesabu hiyo. Mwanafunzi hudhani kwamba kwa kuwa mlinzi huyo hafi, pigo linalotosha kumuua halipo, basi kukanyaga kumezibwa. Sivyo. Sheria inatazama namba ya ustahimilivu peke yake. Mlinzi wa 3/3 asiyeangamia akimzuia mwenye kukanyaga wa 7/7, anapewa tatu na nne zinapita. Yeye mwenyewe atabaki hai. Bwana wake ndiye atakayeumia.

Pigo maradufu, lililoingia mchezoni mwaka 2003, linampa kiumbe hatua zote mbili, ya mapema na ya kawaida. Mshambuliaji wa 4/4 mwenye pigo maradufu akizuiwa na mlinzi wa 3/3, anamuua katika hatua ya mapema. Katika hatua ya pili hana wa kumpiga, na hawezi kumpiga mchezaji, kwa sababu aliyezuiwa anahesabiwa amezuiwa hata kama mzuiaji wake ameshakufa. Pigo la nne limepotea. Mpe kukanyaga: hatua ya kwanza tatu kwa mlinzi na moja kwa mchezaji, hatua ya pili hakuna mlinzi wa kupewa, zote nne zinamwendea mchezaji. Jumla tano. Kipaji kimoja kimegeuza sifuri kuwa tano.

Mwaka ambao wafu walipona

Mgongano unaoonyesha vizuri zaidi uzito wa mpangilio ni ule wa kunyonya uhai. Kiumbe chenye kipaji hiki kinapopiga, bwana wake anaongezewa uhai kwa kiasi cha pigo. Jina rasmi la kipaji hiki liliingia mwaka 2007, pamoja na mguso wa mauti na mkono mrefu.

Chukua mchezaji aliyebakiwa na uhai mbili. Anashambuliwa na viumbe viwili vya 4/4. Ana mlinzi mmoja wa 4/4 mwenye kunyonya uhai. Anamzuia mmoja, wa pili anapita. Mapigo yanatua kwa wakati mmoja: mchezaji anapigwa nne, na mlinzi wake anapiga nne. Yu hai au amekufa?

Hadi katikati ya mwaka 2009 alikuwa amekufa. Kunyonya uhai kulihesabiwa kuwa tukio linalofuata baada ya pigo. Uhai ulishuka chini ya sifuri, mchezo ukaangalia, ukakuta mchezaji ameshindwa, na ule uhai wa nne ukawasili nyumba imeshafungwa. Mwezi Julai 2009, lilipotoka toleo lililoitwa Magic 2010, sheria ilibadilishwa: kuongezewa uhai kukawa sehemu ya pigo lenyewe. Mbili toa nne jumlisha nne ni mbili. Mchezaji yule yule, karata zile zile, namba zile zile, sasa anaishi.

Namba haikuguswa hata moja. Kilichosogezwa ni mahali pa tukio katika foleni ya matukio. Na ukitaka kuona kwamba foleni hiyo bado inatawala, mpe yule mshambuliaji aliyepita pigo la kwanza. Atapiga katika hatua ya mapema, kabla mlinzi hajanyonya chochote, na mchezaji mwenye uhai mbili ataondoka tena.

Watunzaji wa mchezo hawajaacha kurekebisha. Kanuni iliyomlazimu mshambuliaji kuwapanga walinzi wake kwa foleni kabla ya kugawa pigo, ambayo nayo ililetwa mwaka 2009, iliondolewa Novemba 2024. Ninaliona jambo hili kuwa la heshima. Watu wanaotunza mchezo unaochezwa duniani kote wamekubali kwamba sheria yao inaweza kuboreshwa, wakaitangaza mapema, na ikamhusu kila mmoja kuanzia siku ile ile.

Maswali matatu

Kutoka katika bao na karata hizi ninatoa maswali matatu, na ninamshauri mwanafunzi ayaulize kwa mpangilio huu kila vipaji viwili vinapokutana.

La kwanza: lini? Kila kipaji kina hatua yake. Kuruka na tisho vinafanya kazi wakati wa kuzuia. Walinzi wakishatangazwa, kumpa kiumbe mabawa ni kuchelewa. Kula kunaangaliwa kabla ya hiari ya nyumba.

La pili: kinamhusu nani? Mkono mrefu ni wa anayezuia. Kukanyaga ni kwa anayeshambulia. Kipaji kinachofaa upande mmoja kinaweza kuwa bure upande wa pili.

La tatu: kinauliza nini hasa? Kukanyaga kunauliza pigo la kutosha ni ngapi, na hakuulizi kama mlinzi atakufa. Kutoangamia kunazuia kuangamizwa, wala hakuzuii kupigwa.

Tuyajaribu. Mshambuliaji wa 5/5 ana kukanyaga na mguso wa mauti. Amezuiwa na walinzi wawili: mmoja wa 3/3 asiyeangamia, na mwingine wa 2/2 mwenye pigo la kwanza na mguso wa mauti. Lini? Mlinzi mdogo anapiga mapema. Mshambuliaji anakufa kabla hajagawa hata pigo moja, na vipaji vyake vyote viwili vimebaki maandishi juu ya karata. Sasa mwongezee naye pigo la kwanza. Wanapiga pamoja katika hatua ya mapema. Anatoa moja kwa asiyeangamia, moja kwa mlinzi mdogo, na tatu zinamfikia mchezaji. Mlinzi mdogo anakufa. Asiyeangamia anabaki. Mshambuliaji naye anakufa, kwa kuwa ameguswa. Ukiweza kueleza kila sentensi katika aya hii bila kurudi nyuma, umeielewa sura.

Kwa nini tucheze vita

Nilisema msomaji wa Makobola ana sababu ya pili. Kati ya tarehe 30 Desemba 1998 na 2 Januari 1999, mamia ya raia waliuawa Makobola. Ripoti ya Umoja wa Mataifa kuhusu uhalifu mkubwa uliotendwa nchini kati ya 1993 na 2003, iliyotolewa Oktoba 2010, imeyaweka mauaji hayo katika kumbukumbu za dunia. Katika miaka ya vita hivyo familia nyingi za Fizi na Uvira zilivuka ziwa kwenda Tanzania. Kambi ya Nyarugusu, mkoani Kigoma, iliyofunguliwa mwaka 1996, ikawa nyumbani kwa watoto waliozaliwa humo na kukulia humo, na wengine wao baadaye walihamishiwa Marekani, nchi ambamo karata hizi zilitungwa.

Mtu aliyetoka huko ana haki ya kuuliza: vita tumeviona, kwa nini tuvicheze? Swali hilo linastahili jibu la wazi.

Ninamjibu kwamba sheria nilizozieleza ndizo tofauti yenyewe. Katika mchezo, shambulio linatangazwa, na anayeshambuliwa anapewa zamu ya kujibu. Aliyemo vitani ameketi kwa hiari yake, na aliye nje ya meza haguswi. Jitu la 8/8 linafungwa na maandishi yale yale yanayomfunga kiumbe wa 1/1, na hakuna mwenye karata kubwa anayeruhusiwa kuigeuza sheria katikati ya pambano kwa kuwa ana karata kubwa. Sheria ikibadilishwa, inabadilishwa mbele ya wote na kwa ajili ya wote. Waliouawa Makobola hawakupewa hata moja ya haki hizo. Mchezo hauponyi jeraha hilo na sidai kwamba unaweza. Ninadai kitu kimoja: mtoto anayezoea kuuliza lini, nani na nini, na kusubiri jibu la sheria hata linapomuumiza yeye, anajifunza kwamba nguvu ina mipaka, na kwamba mipaka hiyo inaweza kuandikwa, kusomwa kwa sauti na kutetewa na aliye dhaifu. Sioni somo la uraia lililo la lazima kuliko hilo katika nchi yetu.

Somo hilo halihitaji fedha nyingi. Mwalimu anaweza kukata vipande 20 vya boksi, akaandika namba mbili juu ya kila kimoja, na kugawa vipaji vinne tu: kuruka, pigo la kwanza, mguso wa mauti na kukanyaga. Kila ubishi ukitokea, kanuni iwe kwamba anayedai lazima ataje hatua, aseme kipaji kinamhusu nani, na aeleze kinauliza nini. Wanafunzi wakishazoea, waruhusiwe kutunga kipaji cha tano, kwa sharti kwamba kabla ya kukitumia wataje vipaji viwili vinavyokishinda. Wasioweza kuvitaja warudi kukipunguza. Sura ya Tano inaanzia hapo: jinsi ya kutunga sheria mpya bila kuvunja mchezo.